Mbuzi Wawili kwa Akika ya Jiwe

Amu, mfungo tatu 2, mwaka 1328

Mbuzi wameshachinjwa, mwanangu! Wawili, wale wale niliokuwa nikiwanenepesha kwa ajili ya Idi, na mtaa mzima umekula ukaramba vidole!

Haya, sasa salamu, maana furaha imenitoa adabu. Kwako mwanangu wa pekee, Famau bin Abdulqadir, mwalimu wa Wazungu: assalamu alaikum. Afya yako i vipi? Kifua hakikubani na hiyo baridi? Mimi ni mzima, isipokuwa goti, na goti nalo jana lilisahau kuuma kwa jinsi nilivyokuwa nikizunguka na sinia.

Barua yako fupi ilifika juzi. Nimeisoma hata nimeihifadhi: "Mama, niombee dua. Nimepata kiumbe kipya, hapajaonekana mfano wake. Hakina macho, lakini ni kizuri ajabu. Bwana mkubwa asema kitapewa jina la nyumbani kwetu. Meli yaondoka, nitaeleza barua ijayo." Nilipiga kigelegele, jirani wakadhani nimemwagikiwa na mafuta ya moto.

Sikukasirika, Famau. Ningeweza kukasirika. Umeoa huko bila kunambia (maana nakujua, wewe hukupata mtoto ila kwa ndoa) na mamake mtoto simjui hata jina. Lakini nilijiambia, Mwanamkisi, una mjukuu, hasira za nini? Hukusema ni mume au mke, basi nikachinja wawili wa akika: akiwa mume ndiyo haki yake, akiwa mke, mmoja ni sadaka. Jina nimempa Abdulqadir, la babako, Mngu amrehemu. Akiwa mke tutageuza awe Kadija. Na habari ya macho usihuzunike. Wangapi hapa Amu hawaoni nao wamehifadhi Kurani nzima, na wenye macho mawili hawajui hata kufunga kilemba?

Bi Hadia wa nyumba ya pili alikula paja zima peke yake, kisha akaniuliza, "Huyo mjukuu ni mweupe?" Nikamwambia, "Mweupe kama zile karatasi ambazo mwanao wa forodhani Mombasa hajakuandikia." Akaongeza wali.

Jambo moja nililifanya mwenyewe kabla midomo ya watu haijalifanya. Nalikwenda kwa Bwana Jamaludin. Nikamwambia: posa yetu kwa bintiyo Radhiya iko pale pale, na akiingia kwangu ataingia nyumba yenye mtoto tayari, baraka juu ya baraka. Aliweka kikombe chini. Alikuwa akinywa kahawa.

Kahawa hakuimaliza. Sijui kwa nini nakuandikia hilo, lakini hakuimaliza.

Nitumie kipimo cha kichwa cha mtoto nimshonee kofia.

Mamako mwenye mjukuu,
Mwanamkisi


Barlin, mfungo nne 8, 1329

Mama yangu mpenzi,

Nakubusu mikono yote miwili, na goti pia. Mimi ni mzima. Mama, keti kwanza ndipo usome.

Kiumbe ni jiwe.

Sijaoa. Sina mtoto. Nilipoisoma barua yako nilicheka, kisha nilipofika pa Bwana Jamaludin sikucheka tena. Kosa ni langu, niliandika kwa haraka, na sikufikiri neno "kiumbe" litasikikaje likifika nyumbani kwa mama anayengoja mjukuu.

Nikueleze sawasawa. Asubuhi nafundisha Kiswahili, kama ujuavyo. Alasiri nafanya kazi katika nyumba yanamowekwa mawe ya kale. Ndani ya mawe hayo mna wanyama wa bahari waliokufa zamani sana, matope yakawafunika, yakageuka jiwe nao wakageuka jiwe. Mimi naondoa jiwe juu ya mnyama kwa sindano, kidogo kidogo, kama wewe utoboavyo vitobo vya kofia. Mnyama wangu mwili wake una mafungu matatu kwa urefu: ukingo katikati na mbavu huku na huku. Ana kichwa kama ngao, ana pingili mgongoni, na akiogopa alikuwa akijikunja kama jongoo. Wenzake wengi wana macho. Huyu hana. Na wote wamekwisha, Mama, duniani hakuna hata mmoja aliye hai.

Kazi ya wataalamu ni kuwajua kwa nasaba, kama sisi: kabila, ukoo, mlango, kisha jina la mtu mwenyewe. Ndia yao ya kuwajua ni kutazama mshono ulio usoni, unaopita shavuni. Mshono ukipita hapa, ni wa mlango huu. Ukipita pale, ni wa mlango ule. Wangu ameonekana hana mlango unaomfaa, ndiyo maana bwana mkubwa wa nyumba hii ya mawe ataka kumfungulia mlango mpya na kuupa jina la kwetu. Hiyo ndiyo furaha niliyokuandikia.

Nenda kwa Bwana Jamaludin, tafadhali, mwonyeshe barua hii. Mwambie nimemposa Radhiya na sijamsahau hata siku moja.

Kipimo cha kichwa: kama ukucha wa kidole gumba.

Mwanao,
Famau


Amu, mfungo tano 12, 1329

Kwa Famau, mwanangu na mzazi wa mawe,

Salamu nyingi baada ya salamu. Mimi mzima, Mngu ashukuriwe, ila uso sina, nimeuacha barazani kwa Bwana Jamaludin.

Kabla barua yako haijafika, sinia la posa lilikuwa limesharudishwa. Lilikuja kichwani mwa mtumishi mchana kweupe, na zile leso nilizompelekea Radhiya zimekunjwa vizuri kupita nilivyozikunja mimi. Bwana Jamaludin alituma neno moja tu: "Binti yangu hakuposwa awe yaya."

Barua yako ilipofika niliisoma mara moja, nikavaa buibui, nikaenda. Sikungoja hata nicheke. Alikuwako yeye, na dadake Bi Alawiya, na nyuma ya pazia najua alikuwako Radhiya, maana pazia lilikuwa likipumua. Nikasoma kwa sauti, mimi, mbele yao, nisiyesoma ila nilivyofundishwa chuoni nikiwa mtoto. Nikafika pale, nikasoma: "na akiogopa alikuwa akijikunja kama njugu."

Bi Alawiya akasema, "Njugu hujikunja?"

Sasa nifanyeje, Famau? Kwa hizi herufi zetu za Kiarabu jongoo na njugu ni mapacha, huwatofautishi karatasini. Nami nikishasoma neno silirudi nyuma. Nikasema, "Njugu za Ulaya hujikunja."

Pazia likacheka. Bwana Jamaludin hakucheka. Alisema, "Bi Mwanamkisi, juzi ilikuwa mtoto, yeo ni njugu, mwezi ujao itakuwa nini?" Nikamwambia ni jiwe. Akasema, "Jiwe ambalo mmekula mbuzi wawili kwa ajili yake." Nikamwambia mwanangu hasemi uongo. Akasema, "Karatasi ni karatasi. Aje mwenyewe kabla ya Ramadhani. Aingie msikitini aape kwamba hana mke wala mtoto huko, na hicho kiumbe akilete nikitie mkononi. Asipokuja, Abdulghafur wa Pate ameshatuma watu."

Abdulghafur! Mwenye minazi mingi na meno machache!

Mtaani hapapitiki. Watoto wananiita Bibi Njugu. Bi Hadia alinisimamisha njia panda akaniuliza kama mjukuu ameanza kutambaa. Nikamwambia, "Jiwe langu halitambai, wala halikopi sukari kwa jirani." Nikaenda zangu kichwa juu, nikalia nilipofika ndani.

Lakini silii tena. Kosa tumelifanya wawili, wewe kwa mkono na mimi kwa mdomo, na wawili tutaliondoa. Mimi nitakaa hapa niizuie ile nyumba ya Pate isilete sinia. Wewe tafuta meli.

Neno moja limenikaa moyoni. Umesema wanyama wale wamekwisha wote. Hata mmoja hakubaki? Walikuwa wengi kisha wakaisha? Nakuuliza kwa sababu nyumba hii nayo ina mtu mmoja tu, na huyo ni wewe. Babako alikuwa wa pekee kwa babake, nawe ni wa pekee kwetu. Mlango ni mlango, ufunguliwe au ufungwe.

Ndoo, mwanangu, rudi nyumbani.

Mamako,
Mwanamkisi


Barlin, mfungo sita 18, 1329

Mama yangu,

Nakubusu mikono. Ni mzima, ingawa vidole vimekufa ganzi kwa baridi na sindano. "Njugu za Ulaya" nimewasimulia wanafunzi wangu, wamecheka hadi darasa likavunjika. Niwie radhi. Na najua hapo kwetu si la kuchekesha.

Nilikuwa nikilificha jambo moja ili liwe zawadi, sasa sina budi kulisema. Jina la kwetu ambalo bwana mkubwa atalitumia si Amu wala Manda. Aliniuliza, "Nani alikufundisha kushika sindano?" Nikamwambia ni mamangu, Mwanamkisi, mshona kofia. Akaandika. Mlango mpya utaitwa kwa jina lako, Mama, na mkia wa Kilatini nyuma. Mkisia. Litaandikwa kitabuni, na kila atakayemsoma mnyama huyu dunia nzima, leo na baada yetu, atatamka jina lako.

Ila kuna bwana wa pili, wa mji mwingine, anapinga. Yeye asema mnyama wangu si mlango mpya, ni wa mlango wa zamani unaojulikana, ila amepoteza macho kwa kukaa gizani chini ya bahari. Jiwe tulilo nalo shavu lake limevunjika, mshono hauonekani wote. Limepatikana jiwe la pili, shavu zima, bado limefunikwa. Mtu wa kulichokoa ni mimi. Mwenzangu amechukuliwa jeshini, na bwana mkubwa mikono humtetemeka kwa uzee. Ni kazi ya kwenda polepole, nikiharakisha nitavunja. Kwa mwendo wangu nitamaliza mfungo mosi, baada ya Ramadhani.

Nikiondoka kabla, kitabu kitapigwa chapa kwa kauli ya bwana wa pili, na mlango wako hautafunguliwa. Nikibaki, Radhiya ataolewa Pate.

Sijui nifanyeje. Jina ni lako, kwa hivyo nakuuliza wewe. Utakalosema ndilo nitakalofanya.

Mwanao,
Famau


Amu, mfungo saba 22, 1329

Famau,

Salamu utazipata ukifika.

Nitasema ukweli. Niliposoma kwamba jina langu litaandikwa kitabuni dunia nzima, nilivaa buibui upesi, kanga ndani kinyume, nikatoka kwenda kwa Bi Hadia. Nilikuwa nimeshapanga la kusema: "Wewe mwanao amekununulia mwavuli, mimi wangu amenifanya kabila." Nilifika mlangoni kwake. Nikanyanyua mkono kugonga.

Sikugonga, Famau. Unanijua mamako. Kwa hilo ujue nimefikiri.

Nilisimama pale nikajiuliza: kitabu hicho ni kitabu cha nani? Cha waliokwisha. Jina langu litakaa katikati ya wasio na mtoto wala mjukuu, na watu watalisoma huku nyumba hii ina popo. Mimi silitaki jina la waliokwisha. Nataka kelele hapa ndani. Nataka mtu wa kunivunjia vikombe.

Huyo mnyama amengoja mlango tangu dunia i mbichi. Akingoja mwaka mwingine hafi, ameshakufa. Radhiya hangoji. Yuko hai, ana baba, na babake ana neno lake.

Basi jibu ni hili, na usiniulize mara ya pili: ndoo. Lifutwe jina, ndoo. Chokoa unachoweza kuchokoa hadi siku ya meli, kwa kuwa kazi ya watu haiachwi ovyo, kisha weka sindano chini, mshukuru yule mzee kwa heshima, umwambie mama Mwanamkisi amemsalimu na amemtumia kofia. Nimeitia ndani ya barua hii. Kichwa chake sikijui, nimekisia kikubwa kwa sababu ya elimu.

Watu wa Pate walikuja juzi. Nikakaa barazani kwa Bwana Jamaludin kuanzia kahawa ya kwanza hadi wakachoka wao. Bi Alawiya aliniuliza, "Bi Mwanamkisi, huna kwenu?" Nikamwambia, "Ninako, lakini hakuna mtu. Ndiyo maana nimekuja."

Nitakwenda tena kesho.

Mamako,
Mwanamkisi


Amu, mfungo tisa 15, 1329

Famau mwanangu,

Assalamu alaikum. Meli ya mfungo nane ilikuja bila barua yako. Ya mfungo huu nayo imekuja, ina barua ya kila mtu, hata ya Bi Hadia. Sikuulizi kwa nini. Ukiwa uko ndiani, barua hii itakukosa, na hilo ndilo nilitakalo: barua hii ipotee.

Nyumba nimeipaka chokaa. Kitanda nimekifunga kamba mpya. Bwana Jamaludin hajanifukuza bado, siku hizi hunitilia kahawa bila kuniuliza. Jana aliniambia, "Mwanao kimya." Nikamwambia, "Mtu aliye safarini haandiki, hutembea." Nilisema hivyo kwa sauti kubwa, ili pazia lisikie.

Radhiya alinipa mkono wakati wa kutoka. Ulikuwa na baridi. Alinibana vidole.

Mamako,
Mwanamkisi


Adeni, Rajabu 20, 1329

Mama yangu mpenzi,

Nakubusu mikono kwa karibu zaidi kuliko jana. Niko Adeni, ni mzima. Niliungojea mshahara wa mwisho na nafasi katika meli, na kila siku nilisema kesho nitakuwa na la kuandika. Nakuja. Nitateremka Mombasa kwa Mjomba Obeid, kisha nitapanda chombo chochote kiendacho Amu.

Sikuliacha jiwe. Nilichokoa kwa kila mwanga wa mchana, asubuhi hadi jioni, si alasiri tu, na bwana mkubwa alikaa kando yangu na kofia yako kichwani (inamfika masikioni) akinisomea gazeti ili nisisinzie. Siku tatu kabla ya meli shavu likatoka zima, na mshono wake wote.

Bwana wa pili ndiye aliyesema kweli, Mama. Mshono unapita kama wa mlango wa zamani. Hakuna mlango mpya. Mkisia haiko. Ningebaki hadi mfungo mosi ningepata jibu hilo hilo, na nisingempata Radhiya. Bwana mkubwa aliniambia nisione haya, kumjua mnyama kwa haki yake ni bora kuliko kumpa cheo asichokuwa nacho.

Ila ndani ya mlango ule wa zamani, mnyama wetu ni yeye mwenyewe, hakuna ndugu yake aliye kama yeye. Kwa hivyo jina la mlango ni la watu wengine, na jina lake yeye mwenyewe, la pili, ni lako. Hilo limebaki. Limepigwa chapa.

Jiwe la kwanza, lile la shavu lililovunjika, nimepewa nije nalo. Nimelifunga ndani ya kilemba.

Mwanao,
Famau


Amu, Shabani 5, 1329
Kwa mkono wa Bwana Obeid, Mombasa, ampe Famau akikanyaga tu pwani

Amekubali, Famau! Bwana Jamaludin amekubali, kabla hata hujafika!

Assalamu alaikum, na pole kwa safari, na umsalimu kaka yangu Obeid na nyumba yake. Mimi mzima. Goti sijui liko wapi, silisikii.

Sikiliza ilivyokuwa. Barua yako ya Adeni ilifika jana. Niliisoma kwanza nyumbani, peke yangu, neno neno, ili nisije nikaleta njugu nyingine. Nilipofika pa "Mkisia haiko" niliiweka karatasi chini kidogo. Si sana. Kisha nikavaa buibui, nikaenda barazani, nikampa Bwana Jamaludin karatasi mkononi. Nikamwambia, "Soma mwenyewe, mimi macho yangu yana maneno yao."

Akasoma. Alipofika pale uliposema yule bwana wa pili ndiye aliyesema kweli, akarudi juu, akasoma tena. Akamwita dadake amsikilizie. Kisha akaniambia: "Bi Mwanamkisi, mtu anayetaka kunidanganya angeandika kwamba ameshinda. Huyu ameandika kwamba ameshindwa, mbele ya mkwewe, na jina la mamake mzazi likiwa ndani ya shauri. Mwongo hana ujinga wa namna hiyo. Nimeamini ni jiwe."

Nikasema, "Na ni kipofu."

Akasema, "Na ni kipofu. Na kuapa ataapa, desturi ni desturi. Lakini siku nitaitaja sasa."

Hapo pazia likafunguka, Famau. Radhiya alitoka mwenyewe, shela usoni, akasimama mbele ya babake akasema, "Baba, nami nina sharti. Hilo jiwe liwe langu." Bi Alawiya akaguta, "Mtoto huna haya!" Radhiya akasema, "Shangazi, nimengoja kwa ajili yake miezi minane, angalau nilione sura." Bwana Jamaludin akacheka. Mimi nimekaa barazani kwake miezi, sikuwahi kuyaona meno yake yote.

Na kahawa aliimaliza, akaomba nyingine.

Sasa nikwambie la jina, usidhani mamako ameumia. Nililitafakari ndiani wakati wa kurudi. Mnyama ameingia mlango wa watu na jina lake mwenyewe analo. Basi kwani Radhiya si hivyo hivyo? Ataingia mlango wetu, na jina lake atabaki nalo, na la babake. Hakuna aliyefutwa. Nilimweleza Bi Hadia, maana mara hii niligonga. Nikamwambia, "Jina langu limepigwa chapa Ulaya." Akauliza, "Juu ya nini?" Nikamwambia, "Juu ya mnyama wa zamani asiyeona, mwenye ngao kichwani, ambaye hakuna duniani aliye kama yeye." Akanitazama toka juu hadi chini, akasema, "Hapo Wazungu hawakukosea." Sijui kama ni sifa au tusi, nimeichukua kama sifa. Yeye ndiye atakayesimamia wali.

Mbuzi ninao tena wawili. Safari hii nimeuliza kwanza ni wa nini, nimejibiwa: ni wa harusi. Nimealika mtaa wote, wale watoto wa Bibi Njugu wote, watu wa Manda, jamaa za babako wa Siyu, na nimetuma salamu Pate kwa Abdulghafur naye, aje ale, hana kosa, ila ajue kutafuna hatamudu. Mjombako Obeid aje na mkewe. Wewe usikae Mombasa hata kuosha nguo, nguo zako mpya ziko hapa, na kofia yako nimeishona, kipimo cha kichwa hiki nakijua.

Wote watakuwa mlangoni kwetu, na mlango utakuwa wazi, Ijumaa, mwezi ishirini na mbili Shabani, watu wakitoka msikitini.

Mamako,
Mwanamkisi